Neduntheevu, Kisiwa Kilichopewa Jina la Mfereji

(Hotuba niliyoitoa Tanga mbele ya walimu wa jiografia na wanafunzi wa kidato cha tano na cha sita. Nimeiandika upya kutoka kwenye karatasi zangu, na yale niliyoongeza papo hapo nimeyaacha yalivyo.)

Assalamu alaykum, na hamjambo nyote. Walimu wenzangu, wazazi mliofunga safari kuja, na nyinyi wanafunzi mliokubali kukaa chini ili wazee wapate viti, ahsanteni.

Nimezaliwa Tumbatu. Kwetu mtoto hujifunza majina ya miamba kabla hajajifunza majina ya mikoa, kwa sababu jina la mwamba ndilo litakalomrudisha nyumbani usiku. Nimefundisha jiografia zaidi ya miaka thelathini, na muda wote huo swali lililonikaa moyoni ni moja: kisiwa kikishapewa jina, ni nani aliyekipa, na alikuwa amesimama wapi siku hiyo? Alikuwa juu ya mwamba anachimba kisima, au alikuwa ndani ya jahazi anapita? Au hakuwahi kufika kabisa, alikuwa mbele ya meza na ramani? Leo nataka tulifuate swali hilo mpaka upande wa pili wa bahari hii hii yetu, kwenye kisiwa cha Watamil kinachoitwa Neduntheevu.

Fungueni ramani. Tazameni Sri Lanka, nchi ambayo wazee wetu waliijua kwa jina la Sarandibu, mahali inaposemwa Nabii Adamu alishukia. Pandeni nayo mpaka kaskazini kabisa, kwenye rasi ya Jaffna. Huko wakazi wengi ni Watamil, na mji wenyewe kwa lugha yao unaitwa Yalpanam, jina linalofungamana na yal, kinubi cha kale cha Kitamil. Sasa shukeni upande wa kusini-magharibi. Mtaona visiwa vimetawanyika kama makombo ya mkate yaliyoanguka kwenye mkeka. Watamil wa Jaffna huviita vyote kwa pamoja Theevagam, nchi ya visiwa. Vipo Velanai, Punkudutivu, Karainagar, Analaitivu, Eluvaitivu, Nainativu. Na kule mwisho, peke yake, mbali na wenzake, ndiko kiliko Neduntheevu. Ukikivuka hicho unaelekea India.

Maji yanayovizunguka ni Mlango-Bahari wa Palk, na hayana kina. Sehemu kubwa haifiki hata mita 15. Meli kubwa za siku hizi hazipiti. Huzunguka Sri Lanka yote kwa upande wa kusini. Ni bahari ya mashua na wavuvi na watu wanaojua kusoma rangi ya maji.

Kisiwa chenyewe kina eneo la kilomita za mraba 50 hivi. Urefu wake ni kama kilomita 8, na pale kinapopanuka zaidi upana unafika 6. Wakazi hawafiki 5,000. Hakuna kilima wala mto. Ni bamba la mawe ya chokaa yaliyotokana na matumbawe, limelala juu ya bahari kama sahani iliyogeuzwa. Wale mliozaliwa Makunduchi, au Micheweni, au Kizimkazi, ardhi hiyo mnaijua kwa nyayo zenu. Ni ile tunayoiita maweni. Jembe likipiga chini linalia.

Nilifika huko mara moja tu, nikiwa nimeshastaafu. Kutoka Jaffna unapanda basi linalokatiza visiwa kwa njia zilizojengwa juu ya maji. Unapita Velanai, unaingia Punkudutivu, unashuka kwenye gati ya Kurikadduwan. Hapo utaona boti za namna mbili. Zile zinazojaa haraka zinakwenda Nainativu, umbali mfupi tu, zimebeba mahujaji wa Kihindu na wa Kibudha. Boti ya Neduntheevu haina haraka hiyo. Inapakia magunia ya mchele, mitungi ya gesi, maboksi ya sabuni, kuku waliofungwa miguu, na watu wanaorudi kwao. Abiria tuliteremka ngazi tukakaa chini, kwenye tumbo la chombo, magoti yakigusana. Safari ni kama saa moja. Jirani yangu alikuwa mzee aliyebeba mche wa mwembe umefungwa gunia, akiukinga na chumvi ya mawimbi kwa shuka lake mwenyewe.

Nikamwuliza kwa Kiingereza changu na chake, maana ya Neduntheevu ni nini. Akaweka mche katikati ya miguu, akanyoosha mikono yote miwili mpaka akamgonga mtu wa upande wa pili. "Nedu," akasema. Kisha akachora duara hewani kwa kidole: "Theevu."

Tuanze na hilo theevu. Ndilo "kisiwa" kwa Kitamil. Wengine huliandika tivu, wengine thivu, kwa sababu herufi za Kitamil zikihamishiwa kwenye herufi zetu kila mtu huhamisha kwa sikio lake. Neno hili limetoka kwenye dvipa ya Kisanskriti, lugha ya kale ya India, na dvipa ni msafiri mkubwa kuliko Ibn Battuta. Limo mwishoni mwa jina Maldives. Limo mwishoni mwa Lakshadweep, ambalo maana yake ni visiwa laki moja. Na hapo naomba mtulie kidogo: laksha ya jina hilo ndiyo hii laki yetu tunayohesabia pesa sokoni, imetufikia kutoka India. Sarandibu nayo ni hivyo hivyo. Ilikuwa Simhaladvipa, kisiwa cha Wasinhala, mabaharia Waarabu wakaikunjakunja kinywani mpaka ikawa Sarandib, nasi tukaimalizia kwa irabu kama kawaida yetu. Kwa hiyo bibi yako akikuhadithia Nabii Adamu na Sarandibu, ile "dibu" ya mwisho na theevu ya yule mzee wa kwenye boti ni neno moja. Limepanda vyombo tofauti, basi.

Sasa nedu. Hili ni la Kitamil chenyewe, halikuazimwa kwa mtu. Maana yake ni urefu: wa kitu, wa njia, wa wakati. Nedunchalai ni barabara kuu. Nedunthuram ni mwendo mrefu, na neduneram ni muda mrefu. Mtoto wa Kitamil siku za mwanzo shuleni hufundishwa irabu za aina mbili, fupi ziitwazo kuril na ndefu ziitwazo nedil, na nedil hiyo imetokana na mzizi huu huu. Kuna hata shairi la kale la Kitamil liitwalo Nedunalvadai, la mshairi Nakkirar, ambalo jina lake kwa Kiswahili lingekuwa "upepo mrefu mwema wa kaskazini." Mtu anayesema nedu, basi, hasemi neno la kitaalamu. Anasema neno la chumbani na la barabarani.

Neduntheevu ni Kisiwa Kirefu. Hapo ndipo mwalimu wa jiografia ndani yangu alipokataa kutulia. Kilomita 8 kwa 6! Huo ni urefu gani? Kwenye ramani kina umbo la yai. Ukikiweka kando ya Pemba, Pemba ndiyo ndefu. Lishikeni swali hilo, nitalirudia.

Tuje kwa wageni. Wareno waliuangusha ufalme wa Jaffna mwaka 1619. Kisiwa hiki wakakiita Ilha das Vacas, Kisiwa cha Ng'ombe. Jina hilo silidharau. Ni jina la baharia mwenye njaa. Nahodha aliyekaa miezi baharini akila mkate mkavu wenye wadudu anapoona malisho yenye ng'ombe, haoni urefu wala upana, anaona nyama. Sisi nasi tuna majina ya namna hiyo. Changuu, kile kisiwa kidogo mbele ya Mji Mkongwe, kimeitwa kwa samaki. Baadaye likajengwa jengo la gereza mwaka 1893, likaja kutumika kama karantini, na watalii mpaka leo wanakwenda "Kisiwa cha Magereza" ambacho mvuvi wa Malindi anakijua kwa changu wake.

Mwaka 1658 Waholanzi wakaitwaa Jaffna kutoka kwa Wareno. Na hawa walikuja na tabia nyingine kabisa. Hawakutazama ng'ombe, wala samaki, wala mti. Walichukua ramani wakaanza kugawa majina ya miji ya kwao. Karaitivu, hiyo Karainagar ya leo, ikawa Amsterdam. Velanai ikawa Leiden. Punkudutivu ikawa Middelburg, Analaitivu ikawa Rotterdam, Nainativu ikawa Haarlem. Neduntheevu ikawa Delft.

Wengi husema walikuwa wanakumbuka nyumbani. Mimi nadhani kuna zaidi ya kumbukumbu. Kampuni ya Uholanzi ya India ya Mashariki, iliyoanzishwa mwaka 1602, ilikuwa na matawi sita yaliyotoa mtaji na kugawana faida: Amsterdam, Middelburg, Delft, Rotterdam, Hoorn na Enkhuizen. Haya, yawekeni majina hayo kando ya orodha ya visiwa niliyowasomea sasa hivi. Amsterdam, Middelburg, Delft, Rotterdam: manne yamo. Hayo si majina ya watu wenye kiu ya nyumbani tu. Yanafanana na daftari la wanahisa lililotandazwa juu ya bahari ya watu wengine.

Na Waholanzi hao walikuwa na jicho la kuchora. Karibu na bandari ya Kayts, katikati ya maji, kuna ngome ndogo iitwayo Hammenhiel. Maana yake ni kisigino cha paja la nguruwe. Waliitazama Sri Lanka yote kwenye ramani wakaiona kama paja lililokaushwa, na ngome ile iko pale kwenye kisigino. Ni jina ambalo hakuna mtu aliyesimama pale chini angeweza kulitoa. Lazima uwe umeitazama nchi kutoka juu, kwenye karatasi. Kayts yenyewe ni jina la Wareno, limetokana na neno lao la gati, kwa sababu tembo walipakiwa hapo kwenda kuuzwa. Watamil wana lao: Urkavatturai, bandari inayoulinda mji. Na hilo la Kitamil ni la zamani. Kule Nainativu kuna maandishi ya Kitamil yaliyochongwa juu ya jiwe kwa amri ya mfalme Parakramabahu wa Kwanza, wa karne ya 12. Amri inasema wageni wafikie Uratturai, yaani bandari hiyo hiyo, na walindwe. Kisha inaeleza chombo kikivunjika: kama kilileta tembo na farasi, hazina ya mfalme ichukue robo na robo tatu abaki nazo mwenyewe, kama ni bidhaa nyingine, wagawane nusu kwa nusu. Fikirini, mwanasheria wa bahari wa miaka zaidi ya 800 iliyopita, anamwandikia nahodha mgeni juu ya jiwe kwamba akipata ajali hatanyang'anywa kila kitu.

Nimeitaja Nainativu, na siwezi kuipita hivi hivi. Ni kisiwa kidogo sana, unakimaliza kwa miguu asubuhi moja, lakini kwa majina ni tajiri kuliko vyote. Wabudha hukiita Nagadipa. Kwa mujibu wa historia yao ya kale, Buddha alifika hapo kuwapatanisha wafalme wawili wa Naga, Mahodara na Chulodara, waliokuwa wanagombania kiti cha enzi cha vito. Wahindu wana hekalu la mungu wao wa kike Nagapooshani, aliyejipamba kwa nyoka. Naga ni nyoka, ni swila. Na utenzi wa kale wa Kitamil uitwao Manimekalai unasimulia kisiwa cha Manipallavam, ambako binti Manimekalai alipewa bakuli lisilokwisha chakula. Wengi wanaamini Manipallavam ndiyo Nainativu. Haarlem, katika mkusanyiko wote huo, imepotea kama chumvi baharini. Hakuna anayelitamka.

Hapa ndipo penye jambo la ajabu. Amsterdam imekufa, Rotterdam imekufa, Middelburg imekufa. Delft haikufa. Mwaka 2022 India na Sri Lanka zilipotiliana saini kujenga umeme wa jua na upepo kwenye visiwa hivi, hati zilivitaja hivi: Nainativu, Delft na Analaitivu. Viwili vimerudia jina la mama, kimoja kimebaki na la Uholanzi. Kwa Kiingereza wilaya yake ndogo ni Delft, na hifadhi ya taifa iliyotangazwa huko mwaka 2015 ni ya Delft. Lakini fungua redio ya Kitamil, iwe ya Jaffna au ya Tamil Nadu, jimbo la Watamil kule India. Habari za wavuvi wa Rameswaram, pwani ya India, waliokamatwa pamoja na mashua zao, habari ambazo haziishi, zitakwambia wamekamatwa karibu na Neduntheevu. Ukisoma gazeti la Kiingereza la siku ile ile, wamekamatwa karibu na Delft. Kisiwa ni kimoja.

Na Delft yenyewe ni nini? Nilipolitafuta neno hili nilikaa kimya kwa muda. Mji wa Delft kule Uholanzi umepewa jina kutokana na kitendo cha kuchimba. Waliochimba pale walichimba mfereji, maji yakapita, mji ukaota kando yake, ukaitwa kwa mfereji huo. Delft ni mahali palipochimbwa maji yakapita. Jina hilo wakalichukua, wakalibandika juu ya mwamba wa matumbawe usio na mto, usio na kijito, ambako binadamu na mnyama wanaishi kwa kuhesabu ndoo.

Ngoja niwaeleze maji ya kisiwa hiki yanavyofanya kazi, maana hapa jiografia inakuwa suala la uhai. Mvua kubwa ya kaskazini mwa Sri Lanka huja Oktoba mpaka Desemba, na upepo wa kaskazini-mashariki uliopita Ghuba ya Bengali ukabeba maji. Ni mfumo ule ule wa upepo unaotuletea kaskazi sisi. Mvua ikipiga mawe ya chokaa, hayaizuii. Inazama. Chini inakutana na maji ya bahari yaliyopenya kwenye matundu ya mwamba kutoka kila upande. Maji matamu ni mepesi, ya chumvi ni mazito, basi yale matamu hukaa juu, kama mafuta juu ya mchuzi. Wataalamu wana kanuni: kila mita moja ya maji matamu iliyoinuka juu ya usawa wa bahari inabebwa na takriban mita 40 za maji matamu zilizozama chini yake. Kwa kisiwa kipana, huo ni utajiri. Kwa kisiwa kidogo na bapa, mwinuko wa maji ni wa kupimwa kwa sentimita, na utando wa maji matamu ni mwembamba. Ukivuta kwa pupa, kwa pampu kubwa, chumvi inapanda kutoka chini kukufuata. Kisima kilichokuwa kinakunywesha kinakuwa cha kuoshea vyombo, na hatimaye hata sabuni inakataa kutoa povu.

Mama mmoja alinipa maji ya kisima chake. Alinipimia kwenye kikombe cha bati, akanitazama usoni niyanywe. Yalikuwa na ile ladha nzito, si chumvi kamili, si matamu kamili. Ni maji ambayo hujui uyasifu au uyatapike. Nikayanywa yote. Nimelelewa nayo, kabla hatujavutiwa mabomba kutoka Unguja. Akacheka, akasema kitu ambacho yule mzee wa mwembe alinitafsiria: "Huyu si mgeni."

Mtu aliyeishi juu ya mwamba hujenga kwa mwamba. Neduntheevu yote imekatwakatwa na kuta za mawe ya matumbawe, kiunoni au kifuani, zimepangwa jiwe juu ya jiwe bila chokaa, bila udongo. Niliinama kutazama jiwe moja kwa karibu. Lilikuwa na vijumba vya nyota nyota, safu kwa safu, kila kimoja kikubwa kama punje ya mtama. Jiwe zima lilikuwa makaburi ya wanyama wadogo wa baharini. Upepo unapita kati ya mawe unapiga mluzi. Kuta zinawazuia ng'ombe na mbuzi wasiingie shambani, na zinapunguza nguvu ya upepo unaokausha udongo. Na kuna jiwe moja la matumbawe ambalo wenyeji wanasema linakua, nao wanalipamba na kuliheshimu.

Juu ya kuta ndio unaona mivumo. Watamil huuita panai. Ni ndugu wa mvumo wetu, na kwa Jaffna ni kama mnazi kwetu: majani ya kuezekea na kusukia, utomvu wa pombe ya tembo na wa sukari guru, matunda, hata mizizi michanga huanikwa na kusagwa unga. Zamani vitabu vya Kitamil viliandikwa kwenye majani yake kwa kalamu ya chuma.

Kuna farasi pia. Wadogo, wa porini, wanatembea kwa makundi kwenye nyasi za upande wa kusini. Waliletwa na kuzalishwa zama za wakoloni. Waholanzi walikifanya kisiwa hiki zizi la kuzalisha farasi, na baada ya Waingereza kuja, mwanzoni mwa karne ya 19, ofisa aitwaye Nolan akaendeleza kazi hiyo. Mabaki ya ngome ya matumbawe na mnara wa njiwa bado yapo. Wakoloni wakaondoka, farasi wakabaki na mwamba na kiangazi chake. Miaka ya ukame mkali wanakufa kwa kiu. Niliwaona wanne wamesimama kando ya birika tupu, wameinamisha vichwa ndani kana kwamba maji yataitika.

Halafu, wanafunzi wangu, nikaona mbuyu.

Sikuutarajia. Mbuyu si mti wa asili ya huko. Asili yake ni bara letu hili. Lakini pale Neduntheevu upo, shina nene limetoboka ndani, lina uwazi kama mlango, watu wanaingia wakasimama humo. Mwingine mkubwa uko Mannar, kisiwa cha kusini zaidi. Wenyeji husema uliletwa na mabaharia Waarabu kwa vyombo vilivyokuwa vikitoka pande zetu. Kwa Kitamil moja ya majina yake ni anaippuli, ukwaju wa tembo. Tazameni jinsi jina linavyotolewa na mtu aliyeonja! Aliuona mti ni mkubwa mno, akautia tembo. Aliweka ubuyu mdomoni, ukamkaza mashavu, akakumbuka ukwaju. Hakuwa na ramani mkononi. Alikuwa na ubuyu mdomoni. Niliweka kiganja changu kwenye gome lile, laini kama ngozi ya mnyama, na sikuwa na haraka ya kukiondoa.

Nisingewatendea haki wenyeji nikisimulia mawe na miti nikaacha damu. Tarehe 15 Mei 1985 boti ya abiria iitwayo Kumudini ilikuwa njiani kutoka kisiwani. Ilisimamishwa baharini, watu wakaingia na kuwaua raia wa Kitamil waliokuwa ndani, zaidi ya 20, wakiwemo wanawake na watoto. Walionusurika waliwataja askari wa majini. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Sri Lanka viliendelea mpaka 2009, na familia nyingi za visiwa hivi zilihama. Nyumba nyingi nilizopita hazina paa, mvumo umeota sebuleni. Nilipokuwa nimekaa kwenye tumbo la boti, magoti yakigusana, nililijua jambo hilo, na wote waliokaa pale walilijua zaidi yangu. Njia ni ile ile moja.

Sasa nilirudie lile swali la urefu. Nilirudi alasiri. Safari hii nilikaa juu, nyuma, miguu ikining'inia karibu na maji, macho yangu kama mita mbili kutoka usawa wa bahari. Kwa urefu huo upeo wa macho ni kilomita 5 tu. Boti ikasogea. Farasi wakapotea, kuta zikapotea, mnara ukapotea. Kisiwa hakina kilima cha kukuonyesha katikati yake ni wapi wala mwisho wake ni wapi. Kilichobaki ni mstari: mweusi, mwembamba, umenyooka kutoka pembe hii ya jicho mpaka pembe ile, na vichwa vya mivumo juu yake kama nukta. Niligeuza shingo kulia, upo. Nikageuza kushoto, bado upo. Yule mzee alikuwa amenyoosha mikono mpaka akamgonga jirani, na kwa kweli hakuna namna nyingine ya kukionyesha.

Hayo ni maoni yangu, mtu mwingine anaweza kuwa na mengine. Lakini mimi naamini aliyesema "nedu" kwa mara ya kwanza alikuwa mvuvi, amekaa chini kwenye chombo kidogo, anarudi.

Ramani zinapita kuanzia mstari wa nyuma. Tazameni zina jina gani kati ya hayo mawili, na kama zina Delft peke yake, andikeni Neduntheevu kwa kalamu ya risasi pembeni. Kisha geuzeni upande wa pili, kuna pwani yetu kutoka Moa mpaka Pangani. Nataka kila mmoja aandike jina moja la mwamba, fungu au kisiwa ambalo amelisikia kwa mvuvi na halimo kwenye ramani hiyo. Mama wa pale dirishani, nakuona umeshainua mkono. Karibu.